"Cool" siyo poa tu: mwongozo kamili wa neno moja linalotuangusha

Mwezi wa saba mwaka jana kijana mmoja wa darasa langu la jioni, hapa Mwanjelwa jijini Mbeya, aliwapeleka wageni wawili Ziwa Ngosi. Ukungu ulikuwa umefunga tangu Isongole, na njia ya msituni ilikuwa inateleza vibaya. Walipofika juu ukingoni, ukungu ukapasuka ghafla na ziwa lote likaonekana kule chini, kijani, kimya kabisa. Wageni wakapiga picha mpaka betri ikaisha. Usiku, mama yule mgeni akamtumia picha kwa WhatsApp, akamuuliza na yeye siku ameionaje. Kijana akaandika kwa furaha yake yote: "The lake was not cool!!!" Alama tatu za mshangao.

Jibu lilichukua robo saa. Mama anaomba radhi. Anauliza kama walimchosha, kama malipo yalikuwa madogo.

Kesho yake akaniletea simu. "Mwalimu, hapa nimekosea wapi? Si nimemwambia ziwa lilikuwa siyo poa?" Na kwa Kiswahili cha mtaani hakukosea hata chembe. Mtu akikwambia supu ya leo siyo poa, unasogeza kiti. Baridi ya Makete siyo poa, yaani imepitiliza. Yule dogo anacheza mpira siyo poa, yaani hakuna wa kumkaba. Lakini Kiingereza hakina mchezo huo. "Not cool" ni lawama: umenikosea, hujafanya uungwana. Mama wa watu alisoma kwamba ziwa limemkera kijana.

Hapo ndipo penye mtego. Maneno magumu ya Kiingereza tunayaogopa, tunayatafuta kwenye kamusi. Hili hatuliogopi kwa sababu tuna ndugu yake nyumbani. Chai inapoa, na ukiulizwa mambo unajibu poa. Kwao chai "cools", na ukiuliza habari unajibiwa "cool". Udugu huo ni wa kweli kabisa, na utakufikisha mbali. Ila wanafika njia panda, mmoja anashika ya Tukuyu, mwingine ya Chunya, na wewe umeshasinzia kwenye kiti. Mwongozo huu unahusu njia panda hizo. Tafuta daftari na kalamu.

Hatua ya kwanza: lijue kwenye baridi

Kabla ya mtaani, neno hili lilikuwa la hali ya hewa, na bado ni la hali ya hewa. Lina zaidi ya miaka elfu moja kwenye Kiingereza na ni ndugu wa damu wa "cold". Lakini si "cold". Ukilitafsiri kama "baridi" moja kwa moja umeshaanza vibaya. Lenyewe ni kibaridi. Ni baridi isiyouma, na mara nyingi inapendeza.

Sisi wa Nyanda za Juu Kusini tuna bahati, maana ngazi nzima tunayo nje ya mlango. Jioni ya mwezi wa kumi Mbeya mjini, mchana jua limechoma, saa kumi na mbili upepo unashuka kutoka mlima Loleza: hiyo ni "a cool evening". Asubuhi ya mwezi wa saba Uyole, kipimajoto kiko chini ya nyuzi 10 na kondakta anaongea akitoa moshi mdomoni: hiyo ni "cold". Panda Kitulo siku ambayo sakitu imetanda juu ya majani kama chumvi: "freezing". Katikati ya "cool" na "cold" kuna "chilly", baridi inayoanza kukuudhi lakini bado hujafuata koti.

Kosa la hapa nimelisikia mara nyingi kuliko yote. Mtu anatetemeka, mgeni anamuuliza kama yuko sawa, naye anajibu "I am cool". Mgeni amesikia: sina shida, nipo freshi. Koti hupewi. Sema "I'm cold", na utapewa.

Kuna na jambo la soda. Kwetu soda iko ya aina mbili, ya baridi na ya moto, na "ya moto" maana yake ni ambayo haijatoka kwenye friji. Usije ukamwambia mgeni "hot soda". Ataona kama unamchemshia. Mwambie "not from the fridge" na yaishe. Ingawa kwa mwezi wa saba huku kwetu hata hiyo ya moto inakuuma meno.

Kama kitenzi, "cool" hufanya kazi mbili ambazo sisi tumezigawa: kupoa na kupoza. "The tea is cooling", chai inapoa. "Cool the tea", poza chai. Madereva hawahitaji kufundishwa hili. Gari lililopanda Kitonga na mzigo likafika juu linachemka, lazima lipoe ndipo ufungue mfuniko wa rejeta, na ile dawa ya rangi unayomimina humo, "coolant", imezaliwa na neno hilihili. Nina mwanafunzi dereva wa semi ambaye hakujua sentensi tatu za Kiingereza, lakini "cool down first" aliitamka bila kosa, kwa sababu rejeta iliwahi kumbabua mkono.

Hatua ya pili: litamke bila kulifungia mkia

Ni "kuul", u ndefu, na mwishoni ulimi unabaki umegusa nyuma ya meno. Usiongeze irabu. Lugha zetu hazipendi neno liishie hewani, kwa hiyo tunalimalizia: "kuli". Kwetu kuli ni mbeba mizigo na hakuna kesi. Lakini masikioni mwa Mwingereza au Msauzi hilo si neno la kazi tena. Ni tusi, na hasa wamelitumia kuwatusi watu wenye asili ya India. Sasa fikiria unamsifia mteja mwenye asili hiyo kwamba yeye ni mtu poa, halafu mkia wa i ukakuponyoka.

Zoezi lake ni dogo. Sema "kuul", kisha shika pumzi huku ulimi umeng'ang'ania palepale mpaka uhesabu mbili. Sisi wa Rungwe kwenye l hatuna tabu, ni r iliyotushinda tangu mababu.

Hatua ya tatu: angalia limekaa na nani

Hii ndiyo hatua yenyewe. Ukichoka kusoma, ishia hapa.

Kiswahili humvalisha mtu nguo kulingana na kazi: poa, poza, pozwa. Ukiona nguo umejua kazi. Kiingereza kimeliachia neno hili shati lilelile kila mahali. Kwa hiyo maana huipati kwenye neno, unaipata kwa majirani zake. Usiulize "cool" maana yake nini. Uliza nani yuko kulia na nani yuko kushoto.

Likikaa na hewa, maji, kivuli, kinywaji au mahali pa kuhifadhia dawa, ni kibaridi. Likitanguliwa na "keep", "stay", "lose" au "play it", ni utulivu wa mtu. Likifuatwa na "with", ni ridhaa: nimekubali, sina kinyongo. Likitangulia kiasi cha fedha, linakoleza tu. Likikaa na "reception", "response" au "towards", shika moyo, kuna mtu amekununia. Likikaa peke yake baada ya "is" au "was", mara nyingi ni sifa. Na likiwa sentensi nzima peke yake, ni "haya" au "sawa", na hapo itabidi usome uso wa mtu.

Kama majirani hawatoshi, jaribu kinyume chake. Jiulize sentensi ingeharibika kwa neno gani. "A cool room": kinyume ni joto, basi ni kibaridi. "She stayed cool": kinyume ni kukasirika au kupaniki, basi ni utulivu. "His jacket is cool": kinyume ni ya kishamba, basi ni sifa. Darasani kwangu njia hii imeokoa watu wengi kuliko kamusi.

Hatua ya nne: "cool" ya mtu asiyetetereka

Maana ya utulivu ni ya zamani, ilikuwepo karne nyingi kabla ya vijana wa mjini. Mshairi wa Kiingereza John Gay, kwenye shairi lililochapishwa mwaka 1732, alifananisha mtu mtulivu na tango, na mpaka leo Waingereza wanasema "cool as a cucumber". Ukishika tango lililokatwa asubuhi sokoni utaelewa: jua linawaka, lenyewe ndani limetulia. Mwaka 1924, Calvin Coolidge alipogombea urais wa Marekani, wapambe wake walicheza na jina lake: "Keep Cool with Coolidge". Tulieni na Coolidge. Akashinda.

Maana hii Kiswahili cha mtaani tunayo tele, na ndiyo rahisi kuliko zote. "Cool it!" ni kuwa mpole, au tuliza mshono. "Cool down" ukimwambia mtu aliyepandisha ni punguza hasira. "He lost his cool" ni jamaa alipaniki, akachemka. Hapo angalia kwamba neno limegeuka jina, ni kitu ambacho mtu anacho na kinaweza kumponyoka. "Play it cool" ndiyo ninayoipenda, kwa sababu tafsiri yake tumeitengeneza wenyewe: kausha. Umemwona aliyekuvutia pale stendi ya Kabwe, moyo unakwenda mbio, lakini unachezea simu kama vile hujamwona. Umekausha. "You played it cool".

Wako wanaosema hii "cool" ya utulivu ina mizizi Afrika pia. Mwanahistoria wa sanaa wa Marekani, Robert Farris Thompson, aliandika mwaka 1973 kuhusu wazo la Wayoruba wa Afrika Magharibi wanaloliita itutu, ubaridi wa tabia, yaani heshima ya mtu anayebaki ametulia mambo yakichafuka. Sina haja ya kubishana na profesa. Ninachojua ni kwamba bibi yangu kule Tukuyu hakuwahi kusikia jazi wala Wayoruba, na mtoto aliyelia ovyo alikuwa anamwambia: poa, mwanangu, poa.

Hatua ya tano: "cool" ya sifa

Hii ndiyo iliyozunguka dunia. Ilitoka kwa Wamarekani weusi, hasa wanamuziki wa jazi wa miaka ya 1930 na 1940. Mpuliza saksafoni Lester Young ndiye anayetajwa sana kwamba aliieneza. Mwaka 1949 na 1950 mpiga tarumbeta Miles Davis alirekodi muziki wa taratibu, usio na papara, na mwaka 1957 ulipokusanywa kwenye albamu moja, neno "cool" liliwekwa kwenye jina lake. Angalia lilivyovuka: kutoka mtu aliyetulia, kwenda kwenye muziki uliotulia, kwenda kwenye kitu chochote kizuri.

Misimu, yaani maneno ya mtaani, kwa kawaida haizeeki vizuri. Kwetu kitu kizuri kimeshakuwa bomba, kimekuwa mzuka, kimekuwa kali, na ukisema bomba leo watoto wanakuangalia kama umetoa redio ya mbao. "Cool" imepita vizazi vinne na bado mtoto wa miaka kumi anaisema. Kwa hiyo usiogope kuonekana umepitwa. Ni msimu usio na tarehe ya kuisha.

Sasa mitego, na hapa tembea polepole.

Wa kwanza ni ule wa ziwa. "Siyo poa" ya kusifia haiwi "not cool". Itafsiri kwa maana: "amazing", "unbelievable", au "so cool" tu.

Wa pili ni "amepoa". Kwetu mtu aliyepoa ni mkimya, pengine hata hana uchangamfu. Mji uliopoa hauna mzunguko wa pesa. Biashara iliyopoa inaelekea kufungwa. Lakini "a cool person" ni mtu wa kupendeza kukaa naye, na "a cool town" ni mji mkali. Ukitaka kumwambia mgeni kwamba mwezi wa pili Tukuyu imepoa kwa sababu ya mvua, usiseme "Tukuyu is cool in February". Atakata tiketi. Sema "quiet".

Wa tatu ni "hot". Kiingereza kinasifia kwa ubaridi na kinasifia kwa moto, na ukichanganya utaeleza kilometa kumi. Mtu "cool" ni mtu poa, wa watu, iwe ni babu au mtoto. Mtu "hot" anavutia kimwili. Dada mmoja anayefanya kazi nyumba ya wageni alimwona mgeni anajifuta jasho, akamwambia kwa huruma, "You are so hot." Alikusudia pole kwa joto. Mke wa mgeni alikuwa amekaa pembeni.

Hatua ya sita: kukubali, kukataa na kusameheana

Hapa ndipo neno linapofanya kazi nyingi kwa siku, na ndipo wanafunzi wangu wanapoachwa na gari.

"I'm cool with that" maana yake sina pingamizi. "Are you cool with five o'clock?" saa kumi na moja inakufaa? "Are we cool?" ni swali zito kuliko linavyoonekana: mtu anakuuliza kama bado kuna kinyongo baada ya mliyoyapitia. Jibu ni "Yeah, we're cool", mambo yameisha, tuko freshi. Ukimjibu "Yes, very cool, thank you" kama vile ameulizia hali ya hewa, umemwacha njiani.

"It's cool" mara nyingi ni usijali. Umemkanyaga mtu kwenye daladala, umeomba samahani, anakwambia "it's cool", yaani hamna noma.

Halafu ile inayowapiga wahudumu. "More tea?" "I'm cool, thanks." Hiyo ni hapana! Nimeshatosheka, asante. Nilikuwa nimekaa mgahawani maeneo ya Soweto ya hapa Mbeya nikaona kwa macho yangu: mgeni kasema hivyo, mhudumu kaenda mbio kumfungia dirisha. Mgeni akashukuru kwa mshangao. Mhudumu akarudi na chupa ya chai akamjazia kikombe. Roho nzuri, tafsiri mbovu. Sikiliza "thanks" ya mwisho. Ikiandamana na "I'm cool" au "I'm good" mtu anakukatalia kwa adabu.

Kwenye ujumbe wa simu mambo yanategemea vitu vidogo mno. "Cool!" ni furaha. "Cool" bila kitu ni sawa, nimesoma. "Cool." yenye nukta, hasa kutoka kwa kijana, inaweza kuwa amenuna, vijana wa leo hawaweki nukta mwisho wa ujumbe mfupi, kwa hiyo akiiweka ameikusudia, ni kama mtu anayejibu "haya" huku anafunga mlango. Mtu mzima aliyefundishwa barua na walimu wa zamani anaweka nukta kila mahali, na haimaanishi chochote. Jua umri wa mtu kabla hujaumia. "Cool story" kutoka kwa mtu uliyemsimulia jambo refu karibu kila mara ni kejeli: hadithi yako haina maana, ama hakuamini.

Hatua ya saba: ubaridi wa roho

Hii ndiyo yenye hasara ya fedha, kwa hiyo nitaieleza kwa mfano.

Jirani yangu ana shamba la parachichi aina ya Hass huko Rungwe. Alikuwa anaandikiana barua pepe na mnunuzi kupitia mtu wa kati. Siku moja akapata ujumbe kwamba "the client's response was rather cool". Akausoma, akasoma "cool", akamaliza. Akaita vibarua kuanza kuchuma. Nilipofika nilikuta kreti zaidi ya arobaini zimepangwa kivulini na yeye anauliza lori litafika lini. Lori gani? "Cool" ikikaa na "response" ni mapokezi ya baridi: mteja hakuvutiwa, amejibu kwa ncha ya midomo. Na ile "rather", kwa Waingereza, si ya kupunguza hata kidogo. Ni namna yao ya kukupa habari mbaya bila kukutazama usoni. Parachichi likiwa mtini halina haraka, linakusubiri. Likishachumwa saa imeanza kuhesabu. Aliishia kuuza kwa walanguzi kwa bei waliyotaka wao.

Kwa hiyo kwenye biashara: "a cool reception", "a cool response", "they have cooled on the idea", "he was cool towards us". Zote zinasema mlango unafungwa. Usijibu "thank you". Uliza nini hakikumridhisha.

Ndugu wa karibu ni "cool your heels", kuwekwa benchi. Umefika ofisini saa mbili na nusu, umeambiwa subiri, saa nane bado unahesabu vigae. "I was left to cool my heels." Na ukinunua kitu kwenye mtandao wa Uingereza utakutana na "cooling-off period", muda wa kujifikiria upya. Kwa manunuzi mengi ya mtandaoni kule sheria inampa mnunuzi siku 14 za kughairi bila kueleza sababu. Kwetu hilo likiletwa Mwanjelwa, nusu ya mitumba itarudi.

Hatua ya nane: barabara ya Zambia na mengineyo

Anayefanya kazi Tunduma au kwenye maegesho ya malori atakutana na madereva kutoka Afrika Kusini, na hao wana lao. Wakisema "cooldrink" wanataka soda. Hawasemi habari ya baridi; hata iwe imekaa juani kutwa, ni "cooldrink". Muuzaji mmoja alimpa dereva maji ya friji mara mbili, mara mbili yakarudishwa, mpaka jamaa alipoonyesha kreti kwa kidole.

"Cooler" kwa Mmarekani ni lile boksi la kuwekea barafu na vinywaji, na Mwingereza analiita "cool box". Kwenye misimu ya zamani "the cooler" ni mahabusu, mahali unapopelekwa upoe. Na fedha: "a cool million" haimaanishi milioni nzuri wala milioni tulivu. Ni milioni nzima, na anayesema anaringa kidogo, au anashangaa jinsi ilivyopatikana kirahisi. Matumizi hayo ya fedha ni ya tangu karne ya 18, hata kama yanasikika kama ya jana.

Hatua ya tisa: pa kulificha

Hujibu shikamoo kwa poa. Kwa akili hiyohiyo, usimjibu "cool" anayekuhoji kazi, afisa wa ubalozi, daktari anayekueleza ugonjwa, wala mzee wa Kiingereza uliyekutana naye leo. Hata kama yeye amelitumia. Yeye yuko nyumbani, wewe ni mgeni, subiri ukaribishwe. Sema "that's fine" au "all right". Na msibani usilikaribie kabisa. Mtu anakuandikia kwamba hatafika kazini, amefiwa, na wewe unajibu "cool" ukimaanisha nimekuelewa. Nimeliona hilo, na likachukua miezi kuponywa.

Hatua ya kumi: mazoezi ya wiki mbili

Kila ukikutana na "cool" kwenye filamu, kwenye wimbo, kwenye ujumbe, andika sentensi nzima kwenye daftari, si neno peke yake. Pigia mstari jirani wa kulia na wa kushoto. Chini yake andika kinyume chake. Mwisho andika ungesemaje kwa mama yako, kwa Kiswahili cha nyumbani, na hapo neno poa umelikataza. Utalazimika kusema kibaridi, ametulia, nimeridhia, hamna noma, amenuna, ni kali. Ukifikisha sentensi thelathini utaona majirani wanajirudia, ni walewale, na utaanza kuwatambua kwa mbali kama abiria wa basi la kila siku.

Wiki ya pili anza kulisema. Anza na "cool with" na "it's cool", ndizo salama. Sifa iache ya mwisho.

Yule kijana wa Ngosi daftari lake lilifika sentensi hamsini. Lakini siku ileile aliyoniletea simu tulikaa tukatunga pamoja ujumbe wa kumwelewesha mama: kwamba kwa lugha yetu kitu kikizidi uzuri tunasema siyo poa, na kwamba ziwa lilikuwa zuri mpaka maneno yakaisha. Tukatuma. Tukasubiri, chai ikapoa. Simu ikalia, akaishika, akasoma, akanigeuzia kioo huku uso umeanguka. Mama alikuwa ameandika neno moja.

"Cool."

"Mwalimu," akasema, "ameweka nukta."

Nikamuuliza mama ana miaka mingapi.